Kijerumani na silabi funge: "Herbst" isigeuke "heribisti", tufanyeje?

mwalimu_wa_lugha

Wakuu, habari za leo. Nina swali kwa wanafonolojia na walimu wa Kijerumani humu jukwaani. Naandaa vipindi vya matamshi kwa darasa la wanaoanza, wote wasemaji wa Kiswahili, na kuna makosa matatu yanayojirudia.

La kwanza ni mrundikano wa konsonanti mwishoni mwa neno. Herbst (majira ya majani kupukutika) inatoka "heribisti", Strumpf (soksi) inatoka "shitrumpufu". La pili ni Mitte (katikati) na Miete (kodi ya nyumba): zote mbili zinatoka "miite". La tatu ni herufi b, d, g. Hund inaandikwa kwa d na kusikika t, lakini Hunde inasikika d. Vitabu vya wanafunzi vinasema tu "mwisho wa neno", na hilo halitoshi, maana d ya freundlich iko katikati ya neno na bado inasikika t.

Kanuni hasa ni ipi, na ni mazoezi gani yanayofaa kwa mdomo uliozoea silabi zetu? Wamo pia watakaojifunza Kiholanzi baadaye, kwa hiyo ningependa kujua kipi kitawafaa huko na kipi watalazimika kukiacha.

fonolojia_kwanza

Mwalimu, naanza na la kwanza kwa sababu linaharibu maana kuliko watu wanavyodhani.

Silabi ya Kiswahili huishia kwenye irabu: so-ma, ki-ta-bu, mwa-li-mu. Neno la kigeni likija na konsonanti mwishoni tunalifungia kwa irabu, na irabu hiyo haichaguliwi ovyo. Baada ya sauti za midomo (p, b, f, m) mara nyingi huwa u, kama katika stempu, kilabu na filamu. Baada ya nyingine mara nyingi huwa i: benki, koti, glasi. Kwa hiyo "shitrumpufu" si uzembe wa mwanafunzi. Ni kanuni za sauti za Kiswahili zikifanya kazi yake sawasawa. Ndiyo maana kumwambia "usiongeze irabu" hakusaidii. Irabu anayoiongeza haisikii.

Anachotakiwa kuelewa siku ya kwanza kabisa ni kwamba Kijerumani kimeweka sarufi yake mwishoni mwa silabi. Sisi tunaweka umoja na wingi mwanzoni (mtu, watu), wao wanaweka mwishoni. Tag ni siku moja, Tage ni siku nyingi. Jahr ni mwaka, Jahre ni miaka. Freund ni rafiki mmoja, Freunde ni wengi. Akisema "ein Tagi", Mjerumani anasikia wingi baada ya neno la umoja. Kwenye vitenzi ni vivyo hivyo: ich lerne, du lernst, er lernt. Mtendaji anajulikana kwa -e, -st na -t. Irabu ya kuchopeka mwanzoni nayo ina madhara yake: braten ni kuoka, beraten ni kushauri, gleiten ni kuteleza, geleiten ni kusindikiza.

Kuhusu umbo la silabi yenyewe: mwanzoni huingia konsonanti hadi tatu (Straße, Sprache, Splitter, na Pflanze ukihesabu pf kuwa mbili). Mwishoni huingia nne au zaidi. Du schimpfst (unafoka) inafungwa na m, pf, s na t. Sauti zenye mvumo mkubwa hukaa karibu na irabu, zenye mvumo mdogo husogea pembeni. Ndiyo maana kl- na br- huanzisha silabi, na kinyume chake, -lk na -rb, huifunga. Zinazoruhusiwa kukaa nje ya mpangilio huo ni chache: sh na s mwanzoni kabla ya p na t, kisha s na t mwishoni.

Sasa zoezi la Herbst. Kwanza ondoa r. Kosa kubwa la Waswahili kwenye neno hili ni kupiga r ya ulimi, kisha kulazimika kuiwekea i ili ipumzike. Katika matamshi ya kawaida ya Kijerumani, r iliyo baada ya irabu katika silabi ileile hulegea ikawa kama a fupi sana. Neno linakuwa "heapst", silabi moja, na konsonanti za kubeba zimebaki tatu badala ya nne. Tür (mlango), vier (nne), Uhr (saa) zote ni hivyo.

Halafu jenga neno kutoka nyuma. Anza na t peke yake: shika kipande cha karatasi laini mbele ya midomo, mkono mwingine kooni. Karatasi itikisike, koo lisitetemeke. Koo likitetemeka, i imeingia. Ikitoka safi mara tano, ongeza s mbele: st. Kisha funga midomo kwa p na ufungulie moja kwa moja kwenye s: pst. Hapa ndipo wengi wanapoanguka, kwa sababu wanafungua midomo kabla meno hayajakaribiana, na pengo hilo ndilo linaloleta u. Meno yakae tayari kwa s wakati midomo bado imefungwa. Ukishaimudu, weka "ea", na mwisho kabisa h.

Strumpf haianzi na tatizo. "Sht" tunayo tayari: shtaka, shtuka, mshtuko. Mwanafunzi aanze na "shta", aende "shtra", kisha "shtru". Kwenye pf, midomo inafungwa kwa p, mdomo wa chini unarudi nyuma na kugusa meno ya juu bila hewa kukatika. Akishindwa kabisa na pf ya mwanzoni (Pferd, Pfanne), ajue Wajerumani wengi wa kaskazini husema f tu katika mazungumzo. Ya mwishoni, kama ya Kopf, aifanyie kazi.

pwani_na_fonetiki

Naongezea kwa aliyotangulia kusema. Si kweli kwamba Kiswahili hakina silabi funge, yaani zinazoishia kwa konsonanti. Maneno yenye asili ya Kiarabu yanazo tele: lab-da, daf-ta-ri, mak-ta-ba, as-ka-ri, rat-li. Tunachokosa ni konsonanti mwishoni mwa neno zima. Kwa hiyo mdomo umeshajua kufunga. Mtumie huyo mwalimu wa ndani. Mwambie mwanafunzi aseme "daftari" na asimame ghafla baada ya "daf". Hapo hapo aseme Hof, auf, Schiff. Aseme "maktaba", asimame kwenye "mak", kisha Sack, Rock, Tag.

fonolojia_kwanza

Nakubali, kwa angalizo moja: usitumie "labda" kwa zoezi hilo. B ya labda ni ghuna, koo linatetemeka. Ukianzia hapo, neno la Kijerumani ab litatoka "ab" wakati linatakiwa "ap". Daftari, maktaba na ratli zinafaa kwa sababu f, k na t tayari ni sighuna, koo halitetemeki.

hati_na_sauti

Mimi nijibu la pili, Mitte na Miete.

Chanzo ni mkazo wetu. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na irabu ya silabi hiyo hurefuka kidogo. Maneno mengi ya Kijerumani ya silabi mbili nayo yana mkazo palepale, kwenye silabi ya kwanza. Msemaji wa Kiswahili akikutana na Mitte anaigawa mi-tte, anaweka mkazo, anairefusha i. Tayari amelipa kodi ya nyumba.

Katika Kijerumani silabi yenye mkazo haikubali irabu fupi ikae wazi. Irabu fupi lazima ifungwe na konsonanti. Irabu ndefu ndiyo inayoweza kuishia hewani. Ndiyo maana Mitte ina t mbili kwenye maandishi: t hiyo inafunga silabi ya kwanza na papo hapo inafungua ya pili. Lakini angalia, haitamkwi mara mbili wala haivutwi. Ni alama tu inayosema "irabu iliyotangulia ni fupi". Wanaojua Kiarabu huivuta kama shadda, na hilo ni kosa jingine.

Jozi za kufanyia kazi, kwa kusikiliza kwanza kabla ya kutamka: Ofen (tanuri) na offen (wazi), Staat (dola) na Stadt (mji), Beet (tuta la bustani) na Bett (kitanda), Höhle (pango) na Hölle (jehanamu). Kwa Mitte, aseme "mit" kwa kuikata kavu, apumzike kidogo, aseme "te", kisha apunguze pumziko mpaka liishe. Kwa Miete aseme "mii" huku ananyoosha kidole hewani, kidole kikishuka ndipo aseme "te".

Urefu peke yake hautoshi, mwalimu. Irabu fupi pia ni legevu. I ya bitten (kuomba) inasogea kuelekea e yetu, na e ndefu ya beten (kusali) inasogea kuelekea i yetu. Sikio la Kiswahili lenye irabu tano huzibadilisha mahali. Mwanafunzi akisikia beten anaandika "biten". Mpe imla za jozi hiyo tu kwa wiki nzima kabla ya kumdai matamshi.

Maandishi husaidia kiasi kikubwa: ie, h ya kurefusha, irabu zilizorudiwa na ß huonyesha urefu, konsonanti mbili, ck na tz huonyesha ufupi. Tangu mageuzi ya tahajia ya mwaka 1996 hata ß imenyooka: Straße na Fuß zina irabu ndefu, Fluss na dass zina fupi. Vitabu vya zamani vinaandika Fluß na daß, hapo huwezi kujua kwa macho. Uswisi hawatumii ß kabisa; utaona Strasse na bado a ni ndefu. Na kuna maneno yanayokaidi, ya kukariri tu: Mond, Obst, Pferd, Erde, Husten na Wüste yana irabu ndefu ingawa zinafuatwa na konsonanti mbili au zaidi.

daraja_la_lugha

La tatu sasa, pamoja na hilo la Kiholanzi.

Kanuni ni mwisho wa silabi, si mwisho wa neno. Vizuio ghuna, vinavyoziba hewa (b, d, g), na vikwamizo ghuna, vinavyoikwaruza (v, z), hupoteza mtetemo wa koo vinapofunga silabi. Hund ni "hunt". Hunde ni hun-de, d imehamia mwanzo wa silabi inayofuata, imebaki ghuna. Freundlich inagawika freund-lich, kwa hiyo t. Freundin ni freun-din, kwa hiyo d. Jagd (uwindaji) ni "yaakt", zimegeuka zote mbili. Haus ina s, Häuser ina z. Brav ina f, brave ina v. Kwa kanuni hii Rad (gurudumu) na Rat (ushauri) hutamkwa sawasawa, na Bund na bunt vilevile.

Namna ya kugundua herufi sahihi wakati wa kuandika: refusha neno. Weka wingi au kivumishi mbele ya nomino, usikilize. Tage, basi Tag kwa g. Räte, basi Rat kwa t.

Kipimo cha pili ni viambishi. Kiambishi kinachoanza na irabu huivuta konsonanti kwake na kuiokoa (-in, -e, -ung, -ig). Kinachoanza na konsonanti huiacha nyuma ikafa (-lich, -bar, -chen, -los). Lesen ina z, lesbar ina s. Ila liangalie shina. Handlich (rahisi kushikika) ina t kwa sababu ni Hand + lich, lakini Handlung (kitendo) husikika kwa d kwa sababu l ni ya shina la handeln, na dl inahamia pamoja kwenye silabi ya pili.

Mpaka wa maneno mawili yaliyoungana hauvukwi hata kama la pili linaanza na irabu. Wildente (bata mwitu) ni "vilt" kisha Ente. Wilde Ente (bata mkali) ina d.

Jambo la -ig: mwishoni, katika matamshi sanifu, husikika kama -ich: König, zwanzig. Kusini mwa Ujerumani na Austria husema -ik. Könige hurudi kwenye g kila mahali.

Na ng, ambayo walimu huisahau. Ng ya Kijerumani ni ng' yetu ya ng'ombe, si ng ya ngoma. Finger ni "fing'a", singen ni "zing'en", Ring ni "ring'". G inasikika tu pale silabi inayofuata ina irabu kamili, kama Ungarn na Kongo, au kwenye mpaka wa viambishi kama an-gehen. Msemaji wa Kiswahili ana sauti hiyo bure. Mwambie tu aweke apostrofi kichwani kila anapoona ng.

Kuhusu Kiholanzi: sheria ya kupoteza mtetemo ipo vilevile. Hond ni "hont", wingi honden una d. Kiafrikana nacho kinayo. Kiingereza hakina: bad na bat ni maneno mawili tofauti, kwa hiyo anayetoka Kijerumani kwenda Kiingereza ana la kuacha. Kiyidi sanifu, ndugu wa karibu kabisa wa Kijerumani, nacho hakina. Tog (siku) inabaki na g yake.

Kitakachowafurahisha wanafunzi wako ni hiki: Kiholanzi huchopeka irabu kama sisi. Melk (maziwa) husikika "melek" na film husikika "filem", irabu ikiwa hafifu sana. Ni njia ileile iliyotupa filamu. Lakini hutokea hasa kati ya l au r na konsonanti isiyo ya ncha ya ulimi (k, p, f, m), na kamwe haiongezwi mwishoni mwa neno. Hart (moyo) haiguswi. Herfst, ndugu yake Herbst, wengi huitamka "herefst".

Skandinavia ni habari nyingine. Kiswidi hakipotezi mtetemo mwishoni, na urefu unagawanywa: irabu ikiwa fupi, konsonanti inavutwa kwelikweli. Tak yenye a ndefu ni dari, tack yenye k ya kuvutwa ni asante. Ile shadda aliyoikataza hati_na_sauti kwenye Kijerumani, huku inatakiwa.

mwalimu_wa_lugha

Shukrani sana, wakuu. Nimekwishaandika upya kipindi cha kwanza. Yamebaki mawili. Sp na st: Stein ni "shtain" lakini Fenster ni "fensta". Na wanafunzi wanaunganisha maneno: vereisen na verreisen zinatoka sawa.

daraja_la_lugha

St na sp huwa "sht" na "shp" mwanzoni mwa shina, popote shina lilipo ndani ya neno. Verstehen ni ver + stehen, kwa hiyo sh. Frühstück ni früh + Stück, sh tena. Fenster, Wespe na Obst, s yao iko ndani au mwishoni mwa shina, inabaki s. Jozi nzuri ya darasani ni gestern (jana), shina moja lenye s, na gestanden (amesimama), yaani ge- + standen, yenye sh. Wasishangae wakisikia wazee wa Hamburg wakisema "s-tein", au Waswabia wa kusini-magharibi mwa Ujerumani wakisema "fescht" badala ya fest. Hizo ni lahaja.

pwani_na_fonetiki

La vereisen (kuganda barafu) na verreisen (kwenda safari) ni la hamza. Kijerumani hakipendi silabi ya mzizi ianze na irabu tupu, kwa hiyo hufunga koo kidogo kabla yake: ver-ʼeisen, be-ʼachten, The-ʼater, Spiegel-ʼei. Aliyepita madrasa anaijua sauti hii tangu utotoni. Mwambie "weka hamza" na kazi imekwisha. Kwa asiyeijua, aseme "aa-aa" ya kukataa, lile pengo la katikati ndilo lenyewe. Verreisen haina hamza, ina r ya kutamkwa kooni.

Maneno machache yameshikana na hayana hamza tena: warum ni wa-rum, daran ni da-ran, hinaus ni hi-naus, einander ni ei-nander. Tahajia ya sasa inaruhusu hata kukata mstari ama hin-aus ama hi-naus.

Na kwa kuwa wataiuliza tu: ch. Baada ya a, o, u na au ni kh ya kheri na sheikh kama inavyosemwa pwani: Bach, Buch, auch. Baada ya irabu nyingine zote na baada ya l, n, r ni y ya "yai" iliyonong'onezwa bila koo: ich, Milch, durch. Kiambishi -chen hubaki na hiyo ya pili hata kikikaa baada ya u. Kuchen (keki) ina kh, Kuhchen (kijing'ombe) ina y ya kunong'ona. Tauchen ya kupiga mbizi na Tauchen ya kamba ndogo ni hivyohivyo. Wasiiache ikawa sh, maana Kirche ni kanisa na Kirsche ni cheri.

fonolojia_kwanza

La mwisho kutoka kwangu: silabi za -en. Haben, reden, Regen. Baada ya vizuio na vikwamizo e hudondoka, na n hubaki ikiwa silabi yenyewe. Haben ni "haabm", midomo haifunguki kati ya b na m. Reden ni "reedn". Regen huishia na ng' inayojitegemea. Nazali (sauti ya puani) inayobeba silabi peke yake Waswahili wanayo: m-tu, m-toto, n-chi, n-ne. Tofauti ni kwamba yetu iko mwanzoni. Mwambie mwanafunzi aseme "hab" halafu m ya "mtu" bila "-tu". Baada ya m, n na ng' (kommen, nennen, singen) aache e isikike kidogo, la sivyo nazali mbili zitamezana.

Silabi ya -er vilevile isiwe "eri". Ni a fupi: Mutter ni "muta", besser ni "besa". Ushahidi tunao mfukoni: hela imetoka kwenye Heller, sarafu ya Afrika Mashariki ya Kijerumani, na mwisho wake ni a. Shule nayo ilitoka kwenye Schule bila kuongezwa wala kupunguzwa silabi, kwa kuwa ilikuwa tayari shu-le. Linganisha na skuli ya Zanzibar, ambayo ilitoka kwenye Kiingereza ikabidi ifungwe kwa i. Waanzie kwenye maneno ya aina ya Schule, Lampe, Name na Dame, ambayo mdomo unayapokea bila ugomvi, kisha Tag, Buch, Haus, kisha Markt na Obst. Herbst na schimpfst ziwe za mwisho. Angstschweiß (jasho la hofu) iandike ubaoni siku hiyo: herufi 8 za konsonanti zimefuatana katikati, lakini sauti ni 5 tu, ng', s, t, sh na v, na mpaka wa silabi unapita baada ya t.

Ukitaka kuhakiki, rekodi mwanafunzi na ufungue sauti kwenye Praat, programu ya bure ya Paul Boersma na David Weenink wa Chuo Kikuu cha Amsterdam. Irabu iliyochopekwa baada ya t ya mwisho itaonekana kama kipande kifupi chenye mawimbi yanayojirudia kwa mpangilio. T safi huacha mkwaruzo mfupi tu, kisha mstari unatulia. Mwonyeshe picha hizo mbili kando kwa kando.